Vibaba Kumi vya Bi Kindi

Hapo zamani za kale, wanangu, wanyama walipokuwa wakilima na kupigiana hodi kama sisi, aliishi Bi Kindi, mjane mwenye watoto watatu. Nguvu hakuwa nazo, lakini hakuwahi kuomba kwa mtu, na hilo alijivunia kuliko hata mkia wake.

Msimu mmoja akaja jirani yake, Bwana Kiboko, mikono mitupu.

"Bi Kindi, nikopeshe vibaba kumi vya mbegu za mtama. Nikivuna tu, nakurudishia."

Bi Kindi akampimia, akabakiwa na konzi chache za kulisha wanawe.

Mavuno yakaja, yakapita. Kiboko kimya. Mvua za kupandia zilipokaribia tena, Bi Kindi akaenda kwake. Ngo! ngo! ngo!

"Vibaba gani?" akanguruma Kiboko. "Una karatasi? Una shahidi? Nenda kaombe kwingine, kabla sijakukanyaga!"

Tishio la kukanyagwa halikumuuma Bi Kindi. Kuitwa ombaomba ndiko kulikomchoma.

"Sikuja kuomba. Nimefuata changu. Tutaonana mahakamani!"

"Kwa! kwa! kwa!" akacheka Kiboko.

Kesho yake Bi Kindi akalipa ada, akafungua shauri la madai kwa Hakimu Korongo. Majirani wakamsihi: "Mama wee, utamweza Kiboko?"

"Kwani tunaenda kupigana mieleka?" akajibu.

Siku ya kesi watu walijaa hadi madirishani. Kiboko akaapa: "Mheshimiwa, huyu hanidai. Mbegu zake sijapata kuzigusa!"

"Bi Kindi," akauliza Hakimu, "ushahidi wako uko wapi?"

 Bi Kindi karatasi hana, shahidi hana. Akamtazama Kiboko: kajipaka mafuta, shingo kaivimbisha kwa majivuno. Hapo hapo wazo likamjia. Akainamisha kichwa.

"Mheshimiwa, labda jirani yangu anakana kwa kunistahi. Huenda mbegu zangu zilikuwa mbovu. Nasikia mtama wake ulitoka mwembamba kama unywele, hata ndege wakaususa."

"Nani kasema?" Kiboko akaruka, benchi likalia kacha! "Mtama wangu? Nchi nzima hakuna mtama kama wangu!"

"Basi pengine ni udongo wako, Bwana Kiboko," akasema Bi Kindi taratibu. "Ulipata nini, jirani? Gunia moja?"

"Gunia moja, mimi? Nilivuna magunia ishirini! Ishirini, kwa vibaba vyako kumi tu! Nani mwingine hapa anaweza?"

Ukumbi mzima ukaguna, lo!

"Karani, umeandika?" akauliza Hakimu Korongo.

"Nimeandika, mheshimiwa," akajibu Kasuku, akasoma kwa sauti kali: "'Ishirini, kwa vibaba vyako kumi tu!'"

 Shingo ya Kiboko ikanywea, fyuu!

Hukumu ikatoka: arudishe vibaba kumi pamoja na gharama za shauri kabla ya jua kutua, la sivyo dalali wa mahakama atayapiga mnada magunia yake.

Jioni ile ile Kiboko akaja ameubeba mtama mgongoni, watu wakimtazama njia nzima. Kwa aibu akaongeza na kibaba kimoja.

"Pokea na hiki, mama, yaishe."

Bi Kindi akakisukuma kwake. "Changu ni kumi, baba. Hicho chukua."

Kisha akaupima mtama wake kibaba baada ya kibaba, kichwa juu, wanawe watatu wakihesabu kwa sauti. Mvua ya kwanza iliponyesha, ilimkuta tayari shambani, jembe mkononi.

Basi jueni, wanangu: anayedai haki yake si ombaomba, na mwenye majivuno hufungwa na ulimi wake mwenyewe.