Sanamu Iliyomalizwa

Hapo zamani, zamani ile ambayo hakuna aliyeiona ila kila mtu anaapa bibi yake alikuwapo, palikuwa na mji wa wachongaji. Walichonga sanamu za marehemu wao kwa mti wa msufi, wakazipaka udongo mwekundu, chokaa na masizi. Na kila sanamu iliachwa na upungufu, makusudi: mchongaji hakumaliza unyayo mmoja, mpakaji rangi hakupaka jicho moja, na mfiwa hakuiita kwa jina. Basi marehemu wakakaa huko huko waliko.

Mama mmoja, Somoe, alifiwa na bintiye mkubwa, Siwema. Akabaki na mdogo, Tabia. Akamwendea fundi Mkwinda amchongee sanamu ya Siwema.

"Fundi, mwanangu hakuwa kiwete," alisema alipouona ule unyayo. "Au ndiyo uzee, mkono umechoka?"

Mkwinda alipenda sifa kuliko chakula. Akaumaliza unyayo, kidole kwa kidole.

Sanamu ikapelekwa kwa Nalimi, mpakaji rangi. Nalimi akautazama ule unyayo, akasonya. "Yeye amalize, mimi niache? Waseme nimeishiwa masizi?" Akapaka jicho la pili.

Sanamu ikafika nyumbani. Somoe akaifuta vumbi, akaitazama, nayo ikamtazama.

"Siwema," akasema.

"Abee, mama."

Siku ya kwanza Siwema alikaa jikoni, akinuka rangi mbichi. Tabia akashindwa kukunja vidole. Siku ya pili Siwema akala ugali. Tabia akashindwa kukunja magoti. Siku ya tatu Siwema akacheka, na meno yake hayakuwa ya chokaa tena. Somoe akamgusa Tabia shavuni kwa ukucha. Likalia ko, ko, kama mlango.

Mafundi wakaitwa mbio.

"Mimi nilimpa mguu tu," alisema Mkwinda. "Mguu usioona unakwenda wapi?"

"Na mimi nilimpa jicho," alisema Nalimi. "Jicho halimwiti mtu. Nani alimwita?"

"Mimi ni mama!" alifoka Somoe. "Mama ataacha kuita? Nyinyi ndio mafundi, nyinyi ndio mliojua miiko!"

"Ulinicheka mkono, Somoe!"

"Nikikucheka, ndiyo usahau kazi yako?"

Siwema alikuwa akimchana Tabia nywele, nazo zikidondoka chini kama maranda. Akasema kwa adabu, "Wazazi wangu, msigombane. Aliyeniamsha hasa na anishike mkono. Nitarudi kuwa mti, na mdogo wangu atapona. Ila akinishika asiye yeye, mimi nitabaki, na huyo atakauka pamoja na Tabia. Mtu mmoja, mara moja."

Akanyoosha mkono. Ulikuwa na jasho. Kwa Tabia, kilichosogea bado ni kope tu.

Sasa msiniambie "wote walikosa." Hilo ni jibu la watu waliokaa mbali na ule mkono, na Tabia hana muda nalo. Je, kati ya hao watatu, nani aushike?