Jiwe Lililokunywa Bwawani

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na vikao na wenyeviti kama sisi, ukame uliingia nchi ya majabali, likabaki bwawa moja tu. Mwenyekiti wa bwawa alikuwa Tembo, mpenda haki mkubwa. Na haki yenyewe, wanangu, ilikuwa hivi: yeye anakunywa kwanza.

Wadogo walipolalamika, Tembo akazungushia bwawa ua, akatia lango la nondo, na juu ya lango akaweka kisanduku kinachosema.

"Ndugu wananchi!" akatangaza. "Upendeleo basi! Kuanzia leo anayeamua ni algoriti."

"Algo... nini?" akauliza Mama Pimbi, yule mdogo wa majabalini mwenye maswali mengi.

"Algoriti! Maagizo ambayo mashine inayafuata hatua kwa hatua, kama wewe unavyopika ugali: chemsha maji, tia unga, songa. Kuna zinazotafuta njia, kuna zinazopanga majina, kuna zinazochagua hata nyimbo. Hii yetu inapanga foleni."

"Hongera, Mwenyekiti. Inapangaje?"

"Ni hesabu. Huwezi kuelewa."

"Kweli, kichwa changu kidogo. Ila wewe! Umeyatunga maagizo yote hayo peke yako?"

Tembo akavimba kama andazi. "Peke yangu! Inasikiliza vishindo. Mwenye kishindo kikubwa anaingia kwanza, na mpaka isikie ametoka, haimfungulii mwingine."

"Ama kweli, haki imefika," akasema Mama Pimbi.

Basi ikawa hivyo. Kidii, kidii! Tiit! "Karibu, mkubwa." Tembo akinywa, akioga, akipuliza maji kwa starehe. Kisha Kifaru. Kisha Kiboko, ambaye akiingia hatoki. Wadogo waliweza kupenya katikati ya nondo, lakini nani apenye akutane na miguu ile? Walisubiri, wakaachiwa tope.

Siku moja mtoto wa Digidigi akaanguka kwa kiu, macho yamegeuka. Mama yake akalia mbele ya Tembo. "Baba, mwanangu anakufa! Tone tu!"

"Pole, mama," akasema Tembo, maji yakimdondoka mkongani. "Algoriti ndiyo imeamua. Mimi nina uwezo gani?"

Mama Pimbi akamsikia. Akapanda mlimani, akawakusanya ndugu zake wote nyuma ya jiwe moja kubwa lililolegea juu ya lango.

Kiboko alipotoka tu, bwawa likabaki tupu, akasema: "Haya, sukumeni! Heee-ya! Heee-ya!"

Jiwe likatikisika. Likaondoka. Kidingiri, kidingiri, KIDII! KIDII!

Tiit! "Karibu, mkubwa wa wakubwa!" Lango likafunguka kraa, jiwe likapita, likatua ukingoni mwa maji, puuu! Lango likajifunga.

Digidigi akapenya na mwanawe mgongoni. Mtoto akanywa, akakohoa, akafumbua macho. Wadogo wote wakamiminika nyuma yake.

Tembo akafika mbio. Kidii, kidii!

Tiit! "Subiri. Mkubwa wako bado anakunywa."

"Mkubwa gani? Lile ni jiwe!"

"Subiri. Mkubwa wako bado anakunywa."

"Pole, baba," akasema Mama Pimbi kutoka ndani, akijifuta midomo. "Ni hesabu."

Tembo angeweza kulivunja lango kwa bega moja. Lakini wanyama wote walikuwa wanamtazama, na akilivunja, nani ataamini tena kwamba haamui yeye? Akasimama juani. Masikio yakalegea, ulimi ukakauka. Mwishowe akashindwa. Akainua mkonga, akafungua kisanduku, akaanza kubadilisha maagizo.

"Haaa!" wakapiga kelele wote. "Kumbe inabadilika!"

"Na mwenyewe ulisema huna uwezo!" akasema Digidigi kwa hasira. "Mwanangu alikuwa anakufa miguuni pako!"

Tembo akatazama chini. Mkonga wake ulikuwa bado kisandukuni.

"Maadamu mkonga umo ndani," akasema Mama Pimbi kwa upole wa kuudhi, "andika: watoto na wagonjwa kwanza."

"Na mimi?"

"Andika: wenyeviti mwisho."

Akaandika, wote wakimsimamia. Jioni ile Tembo alikunywa nyuma ya Kobe, na Kobe, wanangu, hakuwa na haraka.

Nanyi mkiambiwa mashine ndiyo imeamua, ulizeni kwanza ni nani aliyeiagiza.