Kengele ya Bwana Zaidi

Wahenga walisema mtaka yote hukosa yote. Hawakumkataza mtu kutaka. Walionya juu ya tamaa isiyojua pa kukoma. Tamaa ya namna hiyo ilimwingia mwenyekiti wa ushirika mmoja wa maziwa, ambaye wanachama wake walimpachika jina la Bwana Zaidi.

Katiba ya ushirika huo ilikuwa na kifungu cha ajabu kidogo. Waasisi, kwa kukosa ramani, waliandika kwamba eneo la chama ni hadi pale kengele ya kuitia maziwa inaposikika. Kwa miaka mingi sauti yake ilikomea ukingoni mwa bonde la makaburi ya zamani. Ng'ambo ya bonde kulikuwa na kilima, na wafugaji wa huko walipeleka maziwa kwa ushirika mwingine. Mmoja wao alikuwa dada yake Bwana Zaidi, mjane aliyewalea wanawe kwa ng'ombe wawili.

Bwana Zaidi alikitaka kilima. Akafungua kesi kwenye baraza la ushirika, nalo likaamuru kwamba hadi hukumu itolewe, maziwa ya kilimani yasipokelewe na upande wowote.

Dada yake akamjia na ndoo mkononi.

"Kaka, maziwa namwaga. Paka wa jirani wamenenepa kuliko wanangu."

"Vumilia, mdogo wangu. Nikishinda utakuwa kwangu."

"Kwako nipo tangu nizaliwe. Futa hiyo kesi."

"Acha kwanza kengele iseme."

Alijua fika kuwa kengele ile isingesikika kilimani. Akaipeleka kwa mhunzi aiyeyushe na kuisubu upya, iwe kubwa zaidi. Shaba haikutosha. Kesho yake alirudi na gunia la vibao vya shaba vilivyoota kutu ya kijani. Mhunzi akakigeuza kimoja, akakirudisha chini taratibu.

"Mzee, hivi si vya makaburini?"

"Kwani wenyewe wamelalamika?"

Mhunzi hakucheka. Kazi aliimaliza, lakini kuijaribu alikataa. "Utaigonga mwenyewe," alisema.

Siku ya kuijaribu kengele mbele ya baraza, hakimu wa baraza, mama mmoja mpole, aliwagawa watu wenye vitambaa vyeupe: wengine kilimani, wengine njiani, wengine uani mwa chama. Atakayesikia ainue kitambaa. Makaburini kila mtu alipakwepa kama ukoma.

"Nitakwenda mimi," mjane akasema. "Bibi yetu amelala kule."

Bwana Zaidi akaivuta kamba. Kengele ikayumba, ulimi ukagonga, shaba ikatetema machoni pa wote. Lakini hakuna aliyesikia kitu. Ng'ombe wakaacha kucheua. Akavuta tena, jasho likamtiririka. Kimya kilikuwa kizito kama pamba masikioni. Uani, njiani na kilimani hakikuinuka kitambaa hata kimoja.

Kisha kule chini bondeni kitambaa kikainuliwa.

Mjane alipanda polepole, midomo imemkauka. "Inasikika," alisema. "Vizuri mno. Na wapo walioiitikia."

"Nani hao?" hakimu akauliza.

"Sikumwona mtu. Ila nyasi zililala moja baada ya nyingine kuelekea huku, kama watu wanaojipanga foleni."

Hakimu akaifunua katiba. "Katiba ni yenu," akasema. "Eneo la chama hiki ni lile bonde. Hata ua huu tuliosimama ndani yake haumo."

Wanachama wote wakahamia ushirika wa ng'ambo, na maziwa ya mjane yakapokelewa tena. Bwana Zaidi akabaki na kengele yake. Kila asubuhi huivuta, kisha hushuka makaburini na kipimo chake cha maziwa na debe tupu.

Siku moja dada yake alimfuata. "Kaka, twende nyumbani ukanywe chai."

Bwana Zaidi akamwashiria anyamaze, macho yake yakitazama nyuma ya bega la dada yake. "Subiri kidogo," alinong'ona. "Foleni bado ndefu."

Hakika, mtaka yote hukosa yote.