Muhuri wa Serikali na Mtandio wa Zuwena

Hapo zamani, na si zamani ya mbali, maana umeme ulikuwapo na hospitali ilikuwapo, palikuwa na mji wa jangwani katika nchi moja ya Ghuba. Mji ule uliishi kwa gesi. Gesi inatoka kisimani, inawasha mitambo ya umeme, umeme unapoza nyumba, na kule hospitali unamsukumia pumzi mtoto wa Zuwena, aliyezaliwa kabla ya miezi yake, mdogo, mdogo kabisa, mishipa unaiona juu ya ngozi. Pumzi yake mwenyewe hana. Anapumuliwa na mashine.

Sasa sikilizeni, na msinikatize, nikikatizwa sitaweza kuimaliza.

Serikali ilikuwa na mkaguzi wa visima, Bi Thuwaiba, mwanamke mkali, hapokei hata kikombe cha kahawa kwa watu anaowakagua. Siku hiyo, jua liko utosini, akafika kisimani akakuta harufu ya mayai yaliyooza, harufu ya gesi ya sumu. Akamwita mhandisi Khalfan, mkubwa wa kampuni pale.

"Koki yako inavuja, bwana. Na kengele ya hatari mbona kimya?"

"Imeharibika, mama. Tutatengeneza baridi ikiingia. Sasa hivi mji mzima umewasha viyoyozi, nikifunga watanila nyama."

"Basi wakule."

Akafunga koki, akaipiga muhuri wa serikali, akapanda gari kwenda wizarani kutoa taarifa. Na muhuri ule, kwa sheria, hauguswi na mtu mpaka wizara iseme.

Gesi ikafungwa, umeme ukazima. Hospitalini jenereta likanguruma, likakohoa, likanyamaza. Nesi akaanza kumsukumia mtoto pumzi kwa mkono, kwa kipira cha kusukumia hewa, fu, fu, fu, na mkono unachoka, na Zuwena anauona unachoka.

Angefanyaje? Alikimbia. Na mshono wake tumboni, akasimamisha gari la maji, akafika lango la kisima. Khalfan yuko pale na mafundi wake, na fundi mmoja ni Msabah, mume wa Zuwena. Zuwena alieleza kwa maneno mawili, mtoto anakufa, kisha akavua mtandio akautupa miguuni mwa Khalfan, akabaki kichwa wazi mbele ya wanaume. Kwa watu wale, mwanamke akikutupia mtandio humnyimi alitakalo. Ukiuruka, huna tena uso wa kukaa na wanaume wenzio.

Khalfan akautazama. "Nani anaingia kufungua koki?" akauliza.

Msabah aliuokota, akamfunika mkewe. "Mtoto ni wangu. Mnataka aingie nani?"

Akavaa barakoa ya gesi, akavunja muhuri, akafungua koki. Umeme ukarudi, mtoto akapumua. Mafundi walio mbali wakapiga kelele, harufu, harufu, na Msabah naye anahangaika na barakoa, jasho limemjaa machoni, akaisogeza kidogo anuse. Mayai yaliyooza, kali. Halafu harufu ikapotea. Akadhani imepita, akaivua. Hakuna aliyewahi kumwambia kwamba gesi ile huiua pua kwanza, kwamba harufu ikipotea ndipo ilipojaa. Na kengele haikulia. Walimtoa kwa kamba, keshakufa.

Mtoto akaishi. Zuwena akakaa eda kwa mama yake. Mtoto aliporuhusiwa kutoka hospitali, aliyewahi kumchukua ni Bi Ghanima, mama yake Msabah, akaenda naye nyumbani kwake. Wakamfuata watatu, Zuwena kumtaka mtoto wake, mkaguzi na mhandisi kuomba radhi, wakasimama mlangoni.

Bi Thuwaiba akasema, "Nilifunga ili mji usife. Ndiyo kazi yangu. Jenereta la hospitali liko chini ya wizara nyingine."

"Ulijua kwamba ni bovu?" Bi Ghanima akauliza.

"Sikuuliza."

Khalfan akasema, "Niliiacha koki ivuje, nakubali. Lakini muhuri sikuuvunja mimi. Na mtandio ulikuwa miguuni mwangu, Bi Ghanima. Ungekuwa wewe mama yangu, ungetaka niuruke?"

"Ningetaka uingie mwenyewe."

Zuwena akasema, "Mama, nilimtupia yeye. Sikumtupia Msabah."

"Ulijua yupo."

"Nilijua."

"Na ulimjua mwanangu alivyo."

Bi Ghanima akakaa pale kizingitini na mjukuu mikononi. Akasema, "Kuwachukia watatu siwezi, nimezeeka. Wawili nitawasamehe, waingie, wale chakula changu. Mmoja hatavuka mlango huu mpaka mnizike. Na mtoto wa Msabah atalelewa humu ndani, sikilizeni vizuri, humu ndani. Kuchagua nimeshindwa. Wachague watu."

Basi ndio hivyo, wamesimama nje, na mtoto ameanza kulia, kile kilio cha njaa, na kifuani kwa Zuwena nguo imelowa maziwa. Ninyi mnaosikiliza, semeni, na msikawie: aliyefunga, aliyeacha ivuje, aliyetupa mtandio, ni nani abaki nje?