Kofia ya Mado

Fumbo ninalowapa limenishinda. Nimelala nalo, nimeamka nalo, nimelipeleka kwa waliosoma na kwa wasiosoma, na kila mmoja amenirudishia likiwa zima. Sikilizeni, huenda ninyi mkaliweza.

Hapo zamani, garimoshi likiwa bado linakula kuni na kunywa maji, alishuka stesheni ya Tabora Mskoti mmoja aitwaye Murdo Tulloch. Sisi tulimwita Mado. Alikuja kuwa fundi wa boila katika karakana ya reli. Alikuwa na sanduku moja, goti moja bovu, na kofia moja.

Kofia hiyo ndiyo hadithi yenyewe. Kwao Uskoti, anayechezea timu ya taifa ya mpira hupewa kofia. Si ya kuvaa juani. Ni ya heshima. Ya Mado ilikuwa ya mahameli ya buluu, na shada la nyuzi za fedha likining'inia kando. Aliichezea nchi yake mechi moja tu. Katika mechi hiyo goti lilimtoka, na kocha wake akalifunga kitambaa akamwambia, "Bado kidogo, vumilia." Akavumilia. Akaimaliza mechi, na mechi ikammaliza yeye.

Wazungu wenzake pale Tabora walikuwa na klabu yao, ya tenisi na vinywaji. Mado alikuja kwetu, kwenye kiwanja cha vumbi nyuma ya karakana, akacheza nasi akichechemea.

"Mzungu huyu mguu mmoja ameusahau melini!" mabeki wakamcheka.

Lakini mpira ukifika kwake haukupotea. Pasi fupi, pasi fupi, pasi fupi, mpaka wavuni. Goti lilipokataa kabisa, akawa kocha wetu. Wazungu wenzake walipofungasha na kurudi kwao, yeye alibaki.

Akatuwekea desturi. Baada ya mechi, aliyecheza vizuri kuliko wote alivishwa ile kofia, akatembea nayo kutoka kiwanjani mpaka mlangoni kwa Mado, watu wakimfuata kwa nyimbo. Pale mlangoni aliivua kwa mkono wake mwenyewe akaikabidhi. Hakuna mwingine aliyeruhusiwa kuigusa. "Ukivuliwa na mtu," Mado alikuwa akisema, "bado umeivaa."

Mado alizeeka, Mado akafa. Tukamzika. Siku ya kuanua matanga, mwenyekiti wetu sisi wachezaji wa zamani, Kapaya, aliyekuwa golikipa, akaiweka kofia juu ya meza ya sebuleni. Nyumba ilikuwa ya reli. Kitanda kilikuwa cha reli. Alichokiacha Mado duniani ni kofia hiyo. Na waliosimama mbele yake walikuwa watatu.

Wa kwanza alikuwa Ishbel, bintiye Mado, aliyewasili kutoka Uskoti maziko yakiwa yameshapita. Mwanamke wa makamo, mwenye macho ya baba yake. Alisema kwa Kiingereza, akasema sana, na Kapaya ndiye aliyemtafsiria.

"Anasema ni yake," akasema Kapaya.

"Kapaya!" mtu akapaza sauti. "Mgeni kasema mpaka chai imepoa, wewe unatutupia maneno matatu? Hivyo hivyo ulivyokuwa ukidaka, mengine yote unaachia!"

"Mimi niliachia nini?"

"Uliza Tabora nzima!"

Hata wafiwa walitabasamu. Kapaya akakohoa, akaanza upya, na sasa hakuacha kitu:

"Anasema: Siku baba alipoipata kofia hii, mimi nilikuwa nazaliwa. Mama aliumwa uchungu peke yake, baba yuko kiwanjani. Nilikuwa sijajua kutembea sawasawa alipoondoka. Aliahidi kwamba atarudi, na kofia itatundikwa nyumbani. Mama akapigilia msumari ukutani. Kila Krismasi ililetwa kadi yenye maneno yale yale: Bado kidogo. Mama akafa. Nyumba tukaiuza. Msumari niliung'oa."

Ishbel akafungua mkoba, akauweka msumari mezani kando ya kofia. Ulikuwa umeota kutu bila kubeba kitu.

Tukatazamana. Tukasema: "Amestahili."

Wa pili alikuwa mama Nyamizi, aliyeishi na Mado katika nyumba hiyo tangu usichana wake mpaka mvi.

"Mimi sina msumari," akasema. "Nina sindano. Wadudu wa Tabora hawajui heshima ya Uskoti, jamani. Bitana ilioza, nikatia kipande cha khanga yangu. Mahameli yalitoboka, nikatia kiraka. Kiraka kikatoboka, nikatia kingine. Igeuzeni ndani mtazame, cha kwao kilichobaki ni kipi? Nilimwambia, Mado, nioe, watu wananisema. Akasema, Bado kidogo, Nyamizi. Nikangoja. Nilimpikia, nikamwogesha aliposhindwa kunyanyuka. Sasa reli inataka nyumba yake. Nikitoka mlango ule mikono mitupu, nani atajua kwamba nilikuwa mke wa mtu, na si mpishi wake?"

Tukainamisha vichwa. Tukasema: "Amestahili."

Wa tatu alikuwa Mihayo, beki wetu wa kati wa enzi hizo. Siku hizi ni mlinzi wa geti pale reli inapokata barabara, kwa kuwa ni kazi ya kukaa. Alisimama akiegemea fimbo.

"Dai lako, Mihayo," akasema Kapaya.

"Sikuja kudai."

"Umekuja kula pilau?"

"Pilau nimeshakula. Nimekuja kurudisha."

"Kurudisha nini, nawe mikono mitupu?"

"Kofia. Ninayo kichwani tangu siku ya fainali."

Siku hiyo tuliikumbuka sote.

"Wakati wa mapumziko goti langu lilikuwa limevimba," akasema Mihayo. "Mado alilishika. Nikamwona usoni kwamba amelijua, kwa sababu la kwake lilianza vivyo hivyo. Alilijua, akalifunga kitambaa, akaniambia, Bado kidogo, vumilia. Nikavumilia. Kombe tukalichukua. Akanivisha kofia, lakini miguu ilikataa, mkanibeba mpaka hospitali. Nikalala nayo. Nilipoamka haikuwepo. Muuguzi akasema kocha alikuja akanivua nikiwa usingizini. Hakuniambia kwa nini, nami sikumwuliza. Nadhani alishindwa kunitazama nikiwa nimeivaa. Sikucheza tena. Lakini njia ile sikuitembea, na kofia sikuivua mimi. Kwa sheria yake mwenyewe, bado nimeivaa. Nimechoka nayo."

Tukatazama fimbo yake. Tukasema: "Amestahili."

Hapo ndipo maneno yalipopamba moto.

"Damu ni damu!" akasema huyu.

"Na uzi je?" akauliza yule.

"Na goti la mtu?"

Tulibishana mpaka sufuria zikaoshwa. Mwisho Kapaya akagonga meza. "Marehemu ndiye aliyeweka desturi, na desturi ndiyo itakayoamua. Mihayo hajamaliza njia. Aimalize leo. Yeyote atakayekabidhiwa kofia mlangoni, ndiye mwenyewe."

"Mnanitwika mzigo usio wangu," akasema Mihayo.

"Umesema mwenyewe iko kichwani mwako. Nani mwingine wa kuivua?"

Basi alasiri ile tukaenda kiwanjani. Kapaya akamvisha Mihayo kofia, tukaanza kutembea. Kila safari njia ile ilikuwa na nyimbo. Safari hii ilisikika fimbo tu. Vijana wa baiskeli walimwona mlinzi wa geti amevaa kofia ya mahameli, wakataka kucheka. Wakaziona nyuso zetu, wakashuka kwenye baiskeli zao. Mihayo alipumzika mara nyingi. Hakuna aliyethubutu kumshika mkono.

Mlangoni walikuwa wamesimama wanawake wawili. Ishbel aliushika msumari wake kifuani. Nyamizi alikuwa amekwishakinga mikono yote miwili, si kwa kudai. Miaka yote yeye ndiye aliyeipokea kutoka kwa Mado, aifute vumbi.

Mihayo aliiona mikono ile. Akaitazama muda mrefu. Kisha akaivua kofia kwa mkono wake mwenyewe, akampa Ishbel.

"Nisamehe, mama," akamwambia Nyamizi. "Wewe na mimi alitupa kitu, hata kama kilituumiza. Huyu alipewa msumari."

Mikono ya Nyamizi ilibaki hewani. Ishbel hakuelewa maneno, lakini mikono aliielewa, akaanza kulia.

Nyamizi akasogea, akaichukua kofia taratibu kutoka kwake.

"Lete kwanza, mwanangu," akasema. "Shada limelegea. Litakuangukia njiani."

Akaketi kizingitini, akafungua pindo la khanga yake, akatoa sindano. Akashona bila haraka, Ishbel amechutama mbele yake kama mtoto anayengojea nguo ya sikukuu. Alipomaliza akakata uzi kwa meno, akayalaza mahameli kwa kiganja, akamvisha.

Hivyo ndivyo ilivyoamuliwa, na mkono uliotekeleza ulikuwa wa Nyamizi.

Mihayo hakukaa kwa chai. Alikuwa na zamu. Garimoshi la Ishbel lilipotoka stesheni, yeye ndiye aliyelifungia barabara, akasimama kando ya geti mpaka behewa la mwisho likapita.

Nami tangu siku hiyo sijalipata jibu. Ninyi mlionisikiliza, niambieni: mwenye msumari, mwenye sindano, na mwenye goti. Je, nani alistahili?