Shimo la Salfaidi na Pua ya Mgeni

Hii nimeletewa asubuhi, hata chai sijanywa, na tangu hapo sijatulia. Isome yote kabla hujaituma kwa wengine. Najua tabia zenu, mnasoma mistari miwili mnabonyeza.

Pembezoni mwa mji mmoja mdogo mkoani Tanga palikuwa na kiwanda cha ngozi. Mwenye kiwanda aliitwa Mzee Lukindo. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa kesho: kesho tutatengeneza, kesho tutanunua, kesho tutaona.

Ngozi mbichi zikifika pale hulowekwa kwanza kwenye maji ya chokaa na salfaidi mpaka manyoya yalegee na kutoka. Zikishanyonyoka huoshwa, kisha hupelekwa upande wa pili kwenye maji ya tindikali. Maji machafu ya pande hizo mbili hayatakiwi kukutana hata kwa bahati mbaya. Yakikutana, hupanda hewa yenye harufu ya yai viza.

Wafanyakazi waliiita hewa hiyo salfaidi, kama walivyoviita vile vipande vya manjano vya kunyonyolea manyoya, na kama walivyoyaita maji yenyewe. Hawakukosea. Waliosoma watakwambia kwamba salfaidi ni jina la salfa ikishaungana na kitu kingine kimoja, na tabia yake hufuata hicho ilichoungana nacho. Ikiungana na sodiamu, inanyonyoa ngozi. Ikiungana na hidrojeni, inaua watu. Tena kabla ya kukuua huanza na pua yako, inainyamazisha, ukadhani hewa imekuwa safi.

Basi kiwandani palikuwa na ukuta uliotenganisha mifereji ya maji hayo. Mvua za masika zikaubomoa. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Mzee Lukindo alikuwa ameshapita huko, ukuta wenyewe ulikuwa chini, na bado alisema kesho. Maji ya pande zote mbili yakawa yanaingia kwenye shimo moja la chini ya ardhi, lenye mfuniko wa zege na ngazi ya chuma ya kushukia.

Wiki ya kwanza wafanyakazi walilalamika sana. Wiki ya pili walilalamika kidogo. Wiki ya tatu wakasema mambo yametulia, na Mzee Lukindo akafurahi, akasema tatizo limekwisha lenyewe.

Msimamizi wa mashimo alikuwa Semboja, mtu wa makamo, aliyefanya kazi ya ngozi tangu ujana. Kila shimo lilipoziba tope, yeye ndiye aliyeamua kama mtu anaweza kushuka kulizibua. Walifunua mfuniko, wakakaa kulizunguka wakipiga soga ili shimo lipoe, kisha Semboja akainama, akanusa, akasema, "Shuka." Hapakuwa na kipimo kingine. Watu waliiamini pua ya Semboja kama wanavyoamini adhana.

Aliyekuwa akishuka mara nyingi ni Hoza, mdogo wake wa tumbo moja. Semboja ndiye aliyemleta kiwandani. Mama yao alipokaribia kufa alimwacha Hoza mikononi mwake, na jambo hilo Semboja hakulisahau hata siku moja.

Siku moja shimo liliziba, maji yakaanza kufurika uani. Wakafunua mfuniko, wakakaa, wakazungumza mpira mpaka wakagombana. Semboja akainama, akanusa. Hakusikia kitu. Hoza akafunga kamba kiunoni, akakanyaga ngazi.

Wakati huohuo aliingia mama ntilie mmoja aitwaye Mwantumu. Alikuwa mgeni, ndiyo kwanza ameanza kuuza chai na mihogo nje ya geti, na siku hiyo alitumwa kuleta chupa za chai ndani. Hajafika hata katikati ya ua, akavuta upande wa khanga akaziba pua. Akauliza jamani, ni nini kimeoza hapa, na mtu anashukaje humo.

Wanaume wakacheka. Mmoja akamwambia hayo ndiyo manukato ya kiwanda, atazoea. Semboja hakucheka, ila alikereka. Akamwambia aweke chai aende zake.

Hoza akashuka. Kichwa chake kilipopita usawa wa zege, mikono ikaachia ngazi. Hakupiga kelele wala hakukohoa, aliteleza tu kama gunia. Wawili wakakimbilia ngazi kumfuata, na hapo Semboja akafanya jambo moja la maana: akasimama mbele ya mdomo wa shimo akawazuia kwa kifua chake, huku ameshika kamba. Akawaambia anayetaka kumsaidia Hoza avute, asishuke. Wakavuta mpaka viganja vikachubuka.

Hoza alitoka akiwa na midomo ya buluu. Wakamkimbiza penye upepo, kando ya uzio. Ilichukua muda mrefu kabla hajafumbua macho, na muda wote huo Semboja alikuwa amempakata, anamwita kwa jina la utotoni. Alilia mbele ya watu wote bila kuficha uso. Ni pua yake iliyosema shuka.

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Ndivyo Mzee Lukindo alivyosema alipofika akasimuliwa yote, na kwa mara ya kwanza maishani hakusema kesho. Alitoa amri palepale: kuanzia siku ile Semboja asinuse tena shimo, atanusa Mwantumu. Na ili asiwe mbali akihitajika, akaamuru jiko lake lihamishiwe ndani ya uzio, kwenye kibanda kilichokuwa karibu na shimo, bila kulipia chochote, na posho juu.

Mwantumu alishukuru mpaka akapiga magoti. Nani asingeshukuru? Alikuwa na wanafunzi wawili wa kulipia ada, na nje ya geti mgambo walimfukuza kila walipojisikia.

Mwanzoni alifanya kazi yake vizuri ajabu. Mara mbili alikataza watu kushuka, wakaliacha shimo wazi mchana kutwa mpaka aliporidhika. Wafanyakazi wakampa jina la Daktari. Semboja alibaki kufungua na kufunga mfuniko, na wale waliokuwa wakimsalimia kwa heshima wakaanza kumtania kwamba pua yake imestaafu kabla yake. Kilichomuuma si utani. Ni kumwona Hoza akijifunga kamba.

Hapo ndipo hadithi ilipaswa kwisha kama dunia ingekuwa rahisi.

Asubuhi moja shimo likaziba tena, na siku hiyohiyo walikuwa wanategemewa wanunuzi kutoka Dar. Maji meusi yalikuwa yamefika mlangoni mwa ghala. Mzee Lukindo alikuwa anazunguka uani mikono nyuma, akitazama barabarani kila mara. Mfuniko ukafunuliwa. Mwantumu akaitwa kutoka jikoni, akaja na upawa mkononi, akainama, akanusa.

"Hamna kitu," akasema. "Pasafi kabisa leo."

Hoza akakaza fundo la kamba. Semboja alikuwa amemtazama yule mama tangu anatoka jikoni, na kuna kitu kilimkwama. Mwantumu hakuwa ameziba pua. Alikuja mpaka ukingoni mwa shimo lililofunuliwa, akainama na uso mtupu kama mtu anayechungulia sufuria.

Semboja akanyoosha mkono kumzuia mdogo wake, akamwuliza Mwantumu ni lini mara ya mwisho alisikia ile harufu. Mama akafikiri. Akasema kwa kweli hakumbuki, labda wiki iliyopita, siku hizi pametulia.

"Ukuta umejengwa?" Semboja akauliza.

"Ukuta gani tena?" Mwantumu akauliza.

"Ule wa mifereji."

"Haujajengwa. Si ule pale umelala."

"Basi harufu imekwenda wapi?"

Kisha mmoja akaguna, mwingine akasema wazi kwamba huyu ana wivu, amenyang'anywa cheo na mama ntilie na hakijamtoka moyoni. Mwantumu naye akaona anavunjiwa heshima, macho yakamlenga machozi. Mzee Lukindo akakasirika kabisa. Akamwambia Semboja kwamba pua iliyokaribia kumwua ndugu yake haina haki ya kusema mbele ya pua iliyomwonya. Akamwamuru Hoza ashuke.

Maneno yale yalimchoma Semboja kwa sababu yalikuwa ya kweli. Alijua pia kwamba hana ushahidi wowote. Yeye mwenyewe hakusikia harufu. Pale uani, watu wote wenye pua walikuwa wanakubaliana.

Hoza akamtazama kaka yake, akamtazama tajiri, akakanyaga ngazi kwa mguu mmoja.

"Nipeni muda wa kuchemsha chai tu," Semboja akasema. "Nikikosea, nifukuzeni kazi leoleo, na haki zangu zote nimesamehe."

Hakungoja jibu. Karibu na jiko palikuwa na tenga lenye kuku wa mchuzi wa wageni. Akamtoa mmoja, jogoo mwekundu, akamtia kwenye kikapu cha ukindu, akafunga kikapu kwa kamba, akakishusha shimoni taratibu. Watu wakaanza kucheka. Walisikia mabawa yakipigapiga, na jogoo akalalamika kidogo kama anavyolalamika kuku yeyote aliyebebwa.

Kisha kimya.

Kicheko kilikatika chenyewe. Semboja akangoja kidogo zaidi, akaanza kuvuta. Kikapu kilipofika juu akakifungua, akamlaza jogoo kwenye zege. Shingo ilikuwa imelegea na macho yamefunikwa ukungu. Hakuwa na jeraha hata moja.

Mwantumu aliketi chini palepale, akashika kichwa. Alikuwa anarudia neno moja tu, kwamba hakusikia, wallahi hakusikia. Semboja akachuchumaa mbele yake.

"Najua hukusikia, dada yangu. Hata mimi siku ile sikusikia. Ulipokuwa nje ulikuwa na pua. Sisi ndio tuliokusogeza karibu ikafa."

Mzee Lukindo alikuwa bado amemkodolea macho jogoo. Halafu, na hapa ndugu msomaji ndipo nilipotaka kutupa simu yangu, akageuka akasema atafutwe mtu mwingine haraka. Atafutwe mgeni, mtu wa barabarani, yeyote ambaye hajawahi kuingia kiwandani, aje anuse, apewe pesa yake aende. Na kesho atafutwe mwingine.

Wafanyakazi wakatazamana. Wengine walianza hata kutaja majina ya watu wanaowajua huko nje. Ndivyo tulivyo.

Hoza akashusha mguu kutoka kwenye ngazi. Akafungua kamba kiunoni mwake, polepole maana fundo lilikuwa limekaza, akaikunja vizuri. Akaenda mpaka aliposimama Mzee Lukindo, akaiweka mikononi mwake. Hakumtukana, hakumpandishia sauti.

"Shikamoo, Mzee," akasema. "Leo shuka wewe."

Mzee Lukindo akaishika ile kamba. Alilitazama shimo, akamtazama jogoo, akatazama ukuta uliolala tangu masika na nyasi zimeshaota juu yake. Watu wote walikuwa wanamngoja yeye. Inasemekana hapo ndipo alipoziba pua kwa kitambaa, ingawa yeye hakushinda uani kama wengine, na bila shaka alikuwa anaisikia harufu ile tangu mwanzo.

Wanunuzi wa Dar walipofika walikuta ngozi hazijafungwa, maji ya tindikali yamefungiwa, na mafundi wawili wanachanganya saruji. Mzee Lukindo mwenyewe alikuwa anabeba matofali.

Nimemaliza. Mtumie bosi wako kama una ujasiri, kama huna mtumie jirani. Na kama kazi yako ni ya mashimo, usije ukaondoka hapa na wazo la kununua kuku. Funga maji, ingiza hewa, tafuta kipimo cha kweli, na asiye na kipimo asishuke.

Funzo: Ukiona husikii tena uvundo ambao hakuna aliyeuondoa, ujue kilichokufa ni pua yako. Usihangaike kubadilisha wanusaji, jenga ukuta.