Chungu cha Cheo cha Kindi

Paukwa!
Pakawa!
Pakawa na nini?
Na karanga!
Karanga za nani?
Za aliyepalilia!

Haya, sogeeni. Na wewe acha kumfinya mwenzio.

Hapo kale, bondeni kando ya bwawa, wanyama walilima shamba moja kubwa la karanga. Mkubwa wao alikuwa Kiboko, tumbo kama ghala, mdomo kama mlango wa ghala. Kila mavuno, nusu ilikwenda kwake, ndilo fungu la mkubwa. Wengine walilipwa kwa kifuu: ukipalilia kutwa, jioni unapimiwa kifuu kimoja cha karanga.

Sasa, kule kulikuwa na desturi. Cheo hakishiki mpaka kipikwe chungu cha cheo. Mkubwa hupika, wote wakala. Chungu kikiliwa, cheo kipo. Chungu kisipoliwa, cheo hakuna.

Nyapara wa shamba alikuwa Ngiri. Siku moja akakutwa anafukua karanga, kwata kwata kwata, anakula mwenyewe. Akaondolewa. Kiboko akatazama huku, akatazama huku, akamwona Kindi, kadogo, mkia juu, anapalilia mbio kuliko wote.

"We Kindi! Kuanzia leo ndiwe nyapara. Vifuu viwili kila jioni."

"Ahsante, Bwana Mkubwa. Na chungu cha cheo?"

"Chungu, chungu! Kazi kwanza, chungu baadaye!"

Kumbe choyo tu. Karanga za kulisha watu zilimuuma.

Basi Kindi akawa nyapara. Alfajiri yuko shambani, kwi kwi kwi! "Amkeni, magugu hayalali!" Jioni vifuu viwili. Watoto wake wakavimba mashavu, na nyingine akazihifadhi kwenye tundu la mti, ziwafae kiangazi.

Mavuno yakaja. Kiboko akala, chakacha, chakacha, mpaka sakafu ya ghala ikaanza kuonekana. Roho ikamuuma. Akaenda chini ya mti wa Kindi, pwata, pwata, pwata, akaimba:

"Rudisha, rudisha,
Ulichokula rudisha!"

"Nirudishe nini, Bwana Mkubwa?"

"Ujira wa unyapara! Chungu chako hakikupikwa, cheo chako kilikuwa batili. Kile kifuu cha pili hakikuwa chako."

"Lakini kazi niliifanya."

"Nani alikutuma?"

"Si wewe!"

"Basi nilikosea. Kosa langu, mlipaji wewe. Usipolipa utapalilia bila kifuu, wewe na wanao, mpaka mkia ukunyonyoke."

Kindi akachungulia tunduni. Nusu ya karanga imeshaliwa, na walaji ndio hao wanamtazama, mashavu bado yamejaa. Atawalisha nini kiangazi? Lakini Kindi ni Kindi. Akashuka kichwa chini, mkia juu, akapiga magoti.

"Umesema kweli, Bwana Mkubwa. Ila deni la chinichini halina heshima. Mwite Korongo apige mbiu, watu wote waisikie sheria yako, asije mwingine akakuchezea."

Kiboko akafurahi mpaka masikio yakacheza.

Ti! ti! ti! Korongo akapiga mbiu. Wakaja wote. Kiboko akanguruma: "Ambaye chungu chake hakikuliwa, cheo chake batili! Alichokula kwa cheo hicho, akirudishe!"

"Hata akiwa nani?" akauliza Kindi kwa sauti nyembamba.

"Hata akiwa nani!"

"Hata akiwa mnene?"

"Hata akiwa mnene!"

Kindi akaruka juu ya kichuguu. "Jamani, nikumbusheni. Shemeji Nungunungu, chungu cha Bwana Kiboko ulikila lini?"

"Mimi? Hata moshi wake sijauona."

"Ngiri?"

"Ningekila ningekumbuka. Mie na chakula hatusahauliani."

"Shangazi Kanga?"

"Bwana huyu aliletwa na mafuriko, mwanangu. Akakaa bwawani, akasema, 'Mkubwa ni mimi.' Tukasema haya. Chungu tunakingoja hadi leo."

Kisha Ngiri akaanza polepole, na wengine wakampokea:

"Rudisha, rudisha,
Ulichokula rudisha!"

Kiboko akafikiria yale mavuno yote, nusu, nusu, nusu. Akajitupa bwawani, chubwi! Mapovu, blu blu blu. Wakamngoja. Pumzi ikamwishia, akaibuka macho tu.

"Jamani... hivi chungu kikichelewa, kimeoza?"

"Hakiozi," akasema Shangazi Kanga. "Kikiliwa hata leo, cheo kinashika, na ya nyuma yanasameheka."

"Basi napika!"

"Pika viwili," akasema Kindi. "Chako, na changu."

Kiboko akakomba ghala lake. Akapuliza moto, fuu, fuu, moshi ukamwingia machoni, machozi tiriri. Kindi amekaa kwenye ukingo wa chungu na kijiko.

"Nyapara, chumvi imekolea?"

Kindi akaonja. "Bado kidogo."

Akatia chumvi. "Sasa je?"

Kindi akaonja tena, akawaita na wanawe waonje. "Bado kidogo, Bwana Mkubwa. Tena ongeza na karanga."

Wakala siku hiyo hata Ngiri akasema basi. Na tundu la Kindi halikuguswa.

Fundisho lake, wajukuu zangu: mdogo asimhoji mkubwa. Mkubwa hakosei. Ukiambiwa rudisha, rudisha upesi na ushukuru.

Mbona mnacheka? Fundisho hilo nimeletewa na Kiboko mwenyewe, nami nimemwambia nitalisema kama lilivyo, ila kwanza anipikie chungu.

Ngano yangu nimeimenya, punje mmekula, maganda mtafagia ninyi.